Nyoka wa Round Island na Sungura wa Mabaharia

Kaskazini ya kisiwa cha Morisi, ambacho jina lake rasmi ni Mauritius, mwendo wa kilomita 22 hivi baharini, pana visiwa viwili vilivyokaribiana ambavyo majina yake yamewashangaza wasafiri wengi. Kimoja huitwa Round Island, yaani kisiwa cha mviringo. Cha pili huitwa Serpent Island, yaani kisiwa cha nyoka. Ajabu ni kuwa kile cha nyoka hakina nyoka hata mmoja, na umbo lake lakaribia mviringo. Na kile kiitwacho cha mviringo si cha mviringo, nacho ndicho chenye nyoka wa namna isiyojulikana pengine po pote duniani. Husemwa kwamba mchora ramani mmoja wa zamani aliyabadilisha majina hayo kwa bahati mbaya. Huenda ikawa kweli, na huenda ikawa ni masihara ya mabaharia. Lakini asomaye habari za kisiwa hiki hana budi kuwa macho juu ya majina tangu mwanzo, kwa kuwa jina la adui mkubwa wa nyoka hao nalo laweza kumpotosha.

Adui huyo alikuwa sungura. Msomaji wa Kiswahili alisikiapo jina hilo, mara humkumbuka yule mjanja wa ngano, amshindaye fisi kwa maneno na simba kwa akili. Lakini sungura wa ngano ni mnyama wa nyika za Afrika, ambaye baadhi ya watu wa pwani humwita kitungule. Hachimbi shimo, hulala juu ya ardhi majanini, na watoto wake huzaliwa wenye manyoya na macho yaliyofunguka. Sungura wa habari hii ni mwingine. Asili yake ni Hispania na Ureno. Huchimba mashimo marefu na kukaa humo kwa makundi, na watoto wake huzaliwa chini ya ardhi, uchi na vipofu. Huyu ndiye afugwaye vibandani. Kiswahili kimewapa wote wawili jina moja, na katika mazungumzo ya kila siku hapana ubaya. Bali katika habari hii lile shimo ndilo lililoamua mambo mengi.

Round Island ni mlima wa mawe ya volkano utokao baharini. Eneo lake ni hekta 219 tu, na kilele chake kina urefu wa mita 280 hivi. Hakina bandari wala ufuko wa kuvutia mashua. Mtu hushuka kwa kuurukia mwamba wakati wimbi linapoinua chombo, na siku ambazo bahari imechafuka hakifikiki kabisa. Ugumu huo ndio uliokuwa ngome yake, kwa maana panya, aliyeenea kila mahali palipotia nanga merikebu za Wazungu, hakupata kukanyaga kisiwani humo.

Ngome hiyo ilikuwa na thamani gani, hufahamika mtu akitazama yaliyotokea Morisi yenyewe. Nchi hiyo si ngeni katika tarikh ya pwani ya Waswahili: mwaka 1776 Mfaransa aliyeitwa Morice alifanya mkataba na Sultani wa Kilwa wa kununua watumwa 1,000 kila mwaka, na watu wengi wa pwani hii walifikishwa katika mashamba ya visiwa hivyo wasirudi tena. Lakini kabla ya Wafaransa walikuwako Waholanzi, waliofika mwaka 1598 na kukipa kisiwa jina la kiongozi wao, Maurits. Hapakuwa na wenyeji. Palikuwa na ndege wasioruka, na kobe wakubwa, na mijusi, na nyoka, ambao kwa maelfu ya miaka hawakuwahi kumwona mnyama wa miguu minne mwenye meno ya kuwawinda. Wageni wakaja na nguruwe, paka na nyani wadogo, na panya wakaja bila kualikwa. Ndege aitwaye dodo alikwisha kabla karne ya 17 haijamalizika. Kobe wa asili wakafuata. Nyoka na guruguru wakubwa wa Morisi hawakuandikwa habari zao na mtu ye yote aliyewaona wazima katika kisiwa kikubwa. Hujulikana kuwa waliishi huko kwa sababu mifupa yao imefukuliwa.

Basi Round Island ikawa ghala la mwisho. Zilibaki humo aina nane za watambaazi wa asili: guruguru watatu, mijusi kafiri watatu, na nyoka wawili. Guruguru mkubwa, ambaye wataalamu humwita Leiolopisma telfairii, na mjusi kafiri mkubwa, Phelsuma guentheri, walikuwa wamekwisha kutoweka kila mahali isipokuwa hapo. Ama nyoka hao wawili, Bolyeria na Casarea, ni jamaa ya peke yake. Mfupa wa taya lao la juu umegawanyika vipande viwili vyenye kiungo katikati, jambo ambalo halipatikani kwa kiumbe mwingine ye yote mwenye uti wa mgongo aliye hai leo. Yadhaniwa kuwa kiungo hicho huwasaidia kukamata mijusi, ambao mwili wao ni mgumu na wenye kuteleza. Hawana sumu. Casarea hufikia urefu wa mita moja na zaidi, hutaga mayai, na rangi yake hufifia usiku na kukoza mchana. Bolyeria alikuwa wa kujichimbia udongoni, nayo ndiyo iliyomponza.

Maana udongo wenyewe ulikuwa ukiondoka. Mabaharia wa zamani walikuwa na desturi ya kuacha wanyama wa kufugwa katika visiwa vitupu, ili atakayevunjikiwa na chombo, au atakayepita kuwinda, apate nyama. Kabla karne ya 19 haijakwisha, sungura na mbuzi walikuwa wamekwisha kuenea Round Island. Aliyewapeleka hakukusudia ubaya. Yaelekea aliona ni sadaka. Mbuzi walikula miti mikubwa na machipukizi yaliyo juu. Sungura wakala kila kilichoota chini, wakatafuna magome, wakatoboa mteremko kwa mashimo yao. Mche uliochipua ulikatwa kabla haujatoa jani la tatu. Miti iliyokuwa hai iliendelea kuishi, na kwa mtazamaji wa mbali kisiwa kilikuwa na minazi-mwitu na mivumo yake kama zamani. Lakini ilikuwa ni kama mji wa wazee wasio na watoto. Mzee mmoja alipoanguka kwa tufani, hakuna aliyeshika nafasi yake. Mizizi ilipokufa, mvua ikachukua udongo, na palipokuwa na msitu pakawa mwamba mtupu wenye makorongo. Mtende mmoja wenye shina nene kama chupa, Hyophorbe lagenicaulis, ulipunguka hata miti yake mizima ikawa ya kuhesabika kwa vidole.

Watu hawakuwa hawayajui hayo. Jean Vinson, aliyekuwa mkuu wa Mauritius Institute, alikitembelea kisiwa mara kadhaa katikati ya karne ya 20, akaandika waziwazi kwamba mbuzi na sungura wanakimaliza. Mwaka 1957 Serikali ilikitangaza kuwa hifadhi. Tangazo lilikuwa jema, lakini sungura hawasomi gazeti la Serikali, na miaka mingine zaidi ya 20 ikapita kabla ya jambo kubwa kutendeka. Mbuzi walipigwa risasi mpaka wakaisha, na kazi hiyo ilikamilika mwaka 1979. Mbuzi huonekana kwa mbali, hukimbia kwa kundi, na mwenye bunduki na subira atawapata wote. Sungura hawapatikani hivyo: asubuhi wawili watapigwa, na jioni sita watazaliwa shimoni.

Katika miaka hiyo alikuja Gerald Durrell, Mwingereza aliyejulikana kwa vitabu vyake juu ya wanyama, ambaye alikuwa ameanzisha bustani ya wanyama katika kisiwa cha Jersey mwaka 1959, na mwaka 1963 shirika la kuwahifadhi walio hatarini. Mwaka 1976 na 1977 alifika Round Island, akachukua guruguru, mijusi kafiri na nyoka wa aina ya Casarea ili wazalishwe Jersey, akiba isipotee yote pamoja. Safari hizo alizieleza katika kitabu kiitwacho Golden Bats and Pink Pigeons. Casarea walikubali hatimaye kuzaa mikononi mwa watu. Lakini Bolyeria hakupatikana wa kuchukua. Mtu wa mwisho kumwona alimwona mwaka 1975, mwaka mmoja tu kabla ya Durrell kufika.

Mwaka huo wa 1975 hauna budi kuwekwa kando ya 1957 na kando ya 1986. Kati ya tangazo la hifadhi na kuondolewa kwa sungura ilipita miaka 29, na katika muda huo nyoka mmoja kati ya wale wawili alitoweka. Hakuwindwa na mtu. Alikosa udongo wa kujifichia na mijusi wa kula, huku wenye kuandika ripoti wakiandika ripoti. Haielekei kwamba walikuwa wavivu. Tatizo lilikuwa kwamba hapakuwa na mtu aliyejua njia ya kuwamaliza sungura wote wa kisiwa chenye mawe na mashimo kiasi hicho, na kuwapunguza tu ilikuwa kazi bure.

Elimu hiyo ilitoka Nyuzilandi, na mtu aliyeileta ni Don Merton. Alizaliwa mwaka 1939, akaingia kijana katika idara ya Serikali iliyoshughulika na wanyama wa porini. Nyuzilandi nayo ni nchi ya visiwa isiyokuwa na wanyama wa miguu minne wenye kunyonyesha, na hasara iliyowapata viumbe wake kwa ajili ya panya, paka na vicheche ni kubwa. Hata hivyo palikuwa na wataalamu wa sifa waliodai kuwa panya si neno, na kwamba ndege wa asili wangezoea. Jibu la hoja hiyo lilikuja mwaka 1964 katika kisiwa kidogo cha kusini kiitwacho Taukihepa, au Big South Cape. Panya walikuwa wamefika huko kwa mashua muda mfupi tu uliopita, nao walikuwa wakila kila kitu. Merton na mwenziwe Brian Bell waliwakamata ndege 36 wa aina moja, wakawahamishia visiwa visivyo na panya, na aina hiyo ikaokoka. Aina nyingine mbili za ndege na popo mmoja hawakuokoka. Baada ya hapo mjadala wa kama panya ni neno au si neno ulimalizika, angalau Nyuzilandi.

Kwa watu wengi jina la Merton limeshikamana na ndege mweusi mdogo wa visiwa vya Chatham, ambaye mwaka 1980 walikuwa wamebaki watano ulimwenguni na jike mmoja tu mwenye kuzaa, akawarudisha kwa kuwapa ndege wa aina nyingine mayai yake wayalalie. Habari hiyo ni nzuri na imesimuliwa sana. Kazi yake ya Round Island imesimuliwa kidogo, labda kwa sababu haina ndege wa kupendeza ndani yake, ila nyoka, na labda kwa sababu ilikuwa kazi ya kuua.

Alifika katikati ya mwaka 1986, wakati wa kipupwe cha kusini, kwa ushirikiano wa Serikali ya Mauritius na shirika la Jersey. Kanuni alizozifuata ni tatu, na kwa kuzitamka ni nyepesi. Kwanza, kila mnyama, bila kubakiza hata mmoja, lazima afikiwe na hatari. Pili, wafe upesi kuliko wanavyozaliana. Tatu, pasiwe na njia ya wengine kuingia tena. Ya tatu ilikuwa tayari imetimizwa na bahari. Ya kwanza ndiyo iliyokuwa ngumu, kwa kuwa sungura akiwa shimoni haonwi na bunduki, lakini lazima atoke ale. Kwa hiyo palitumika chambo cha vidonge vya nafaka vilivyotiwa sumu iitwayo brodifakumu, izuiayo damu kuganda. Sumu hiyo haiui papo hapo. Huchukua siku kadhaa, na mnyama hawezi kufahamu kwamba alichokula juzi ndicho kimdhuru leo, wala wenzake hawapati onyo. Vidonge vilitawanywa kwa mkono katika kisiwa kizima, juu ya mabamba ya mwamba na ndani ya makorongo, na watu wakakipita kisiwa tena na tena kutafuta dalili za aliyebaki: kinyesi kibichi, jani lililokatwa, udongo uliochimbwa upya.

Palikuwa na hofu ambayo haikuwa ya bure. Guruguru wakubwa hula karibu kila kitu, na mvua ilipovilainisha vidonge, baadhi yao walivila, wakaonekana wamekufa. Jambo hili lafaa kusemwa waziwazi, kwa sababu wapo wanaosimulia kazi za namna hii kana kwamba hazina gharama. Merton mwenyewe aliliandika. Hesabu iliyokuwa mbele yake ilikuwa kati ya guruguru kadhaa waliokufa kwa sumu mwaka huo, na guruguru wote, pamoja na nyoka anayewategemea kwa chakula, waliokuwa wakifa polepole kwa njaa na kwa kukosa kivuli. Mtu aweza kubishana naye. Lakini mwenye kubishana hana budi kuonyesha njia nyingine, na katika miaka 29 haikuonyeshwa. Ama sungura, hawakuwa na kosa lo lote. Hawakuomba kupelekwa huko. Haki yao ya pekee katika habari hii ni kwamba waliuawa mara moja na kwa ukamilifu, pasiwe na haja ya kuua kizazi baada ya kizazi, kama ifanywavyo mahali ambapo kazi huachwa nusu.

Kabla mwaka 1986 haujakwisha, Round Island haikuwa na sungura. Wataalamu waliokuja katika miaka iliyofuata walikuta miche ya mivumo imeota kwa wingi chini ya miti mizee, jambo ambalo watu walio hai hawakuwahi kuliona. Majani makavu yaliyoanguka yakabaki yalipoanguka, wadudu wakakaa chini yake, mijusi wakafuata wadudu, na Casarea wakafuata mijusi. Udongo ukaanza kushikwa. Hata hivyo mambo hayakwenda yote kama yalivyotazamiwa. Magugu ya kigeni, ambayo mbegu zake zilikuwa zimefika kwa upepo na kwa nguo za watu, yalikuwa yamezuiliwa na meno yale yale ya sungura. Meno yalipoondoka, magugu nayo yakanawiri. Ikabidi watu wayang'oe kwa mkono, na tangu mwaka 2002 kimekuwapo kituo kisiwani chenye wafanyakazi wakaao humo kwa zamu.

Suala la magugu lilileta shauri ambalo kwa kulisikia mara ya kwanza laonekana kama kinyume cha kazi yote. Carl Jones, mtaalamu kutoka Wales aliyekuja Morisi mwaka 1979 kuwaokoa kozi wa huko, alishauri kwamba Round Island ipelekewe kobe. Kobe wa asili walikuwa wamekwisha zamani, basi kobe hao wangetoka ng'ambo: wale wakubwa wa Aldabra katika Shelisheli, na wengine wa Madagaska. Walianza kupelekwa mwaka 2007. Je, kobe huyo si mgeni kama sungura? Ni mgeni kwa asili, lakini si mgeni kwa kazi. Mimea ya kisiwa ilikua miaka mingi pamoja na kobe, ikajifunza kujikinga nao. Ilhali magugu ya kigeni hayana kinga hiyo, na kobe huyala. Tena mbegu za mitende zipitazo tumboni mwa kobe hutawanywa mbali na mti mama. Zaidi ya hayo kobe huonekana, huhesabika, na akileta madhara huokotwa na kuondolewa, ambapo sungura hakuondolewa ila kwa sumu. Watu wa Unguja wanawajua kobe hao: wale wa kisiwa cha Changuu ni jamaa zao, uzao wa kobe walioletwa zawadi kutoka Shelisheli mwaka 1919.

Kazi ilienea katika visiwa jirani. Panya waliondolewa Coin de Mire mwaka 1995, na Flat Island mwaka 1998. Merton mwenyewe alikwenda baadaye Shelisheli kwa kazi ya namna hiyo hiyo. Guruguru wa Round Island walipelekwa Coin de Mire, ili akiba yote isiwe katika mwamba mmoja. Kwamba tahadhari hiyo haikuwa ya kupita kiasi kulidhihirika Flat Island. Huko aliishi guruguru mdogo mwenye mkia wa rangi ya machungwa, ambaye hakuwapo mahali pengine. Mwaka 2010 kirukanjia wa Kihindi, mnyama asiyezidi kiganja cha mkono, aligunduliwa kisiwani. Na muda usiozidi miaka miwili ulitosha kuwafuta guruguru hao huko. Wako hai leo kwa sababu baadhi yao walikuwa wamekwisha kuvushwa Coin de Mire. Ndiyo maana shehena iendayo Round Island, iwe chakula, hema au viatu, hupekuliwa kwanza, isije ikachukua mjusi wa kigeni, chungu, mbegu au kirukanjia.

Merton alifariki mwezi wa Aprili 2011. Mwaka uliofuata Casarea walitolewa Round Island kwa mara ya kwanza ili kukaa kisiwa kingine, wakaachwa Coin de Mire, ambako guruguru waliotangulia walikuwa wamekwisha kuzaana vya kutosha kuwa chakula chao. Bolyeria hajaonekana tena tangu mwaka 1975. Walio na haja ya kulichunguza taya lake hulichunguza katika chupa za majumba ya makumbusho.